Moshi wa Jumatano

"Kunywa kwanza," Lempi alimwambia kaka yake, akamsogezea kikombe. "Kahawa yenyewe ni mizizi ya kukaanga, ila ya moto. Ukimaliza nina neno la kukuambia, na usije ukanikasirikia mimi."

Iivari alikuwa bado kavaa koti la jeshi. Matope ya barabara ya stesheni yalimfika magotini, maana Novemba huko Pohjanmaa, Ufini, ni matope matupu, theluji inasitasita tu. Alikuwa anaenda kwake. Lakini nyumba ya dada yake iko njiani, na huwezi ukatoka vitani ukapita mlango wa dada yako hivi hivi. Atakununia mpaka mnazikana. Kwa hiyo akaingia, akakaa, akashika kikombe.

"Sema. Nakunywa huku nasikia."

"Mimi sisemi kitu. Nasema nilichokiona kwa macho yangu haya."

"Umeona nini?"

"Sauna yenu. Julai, katikati ya wiki, inafuka moshi. Jumatano, kesho yake tena, na kesho yake tena."

Iivari akaweka kikombe chini. Na hapo usimcheke. Watu wa kule sauna, kile kibanda cha kuogea mvuke, wanawasha Jumamosi. Jumamosi mtu anaoga, anapumzika, Jumapili anaenda kanisani akiwa safi. Siku za katikati ni za kazi na kuni zinatunzwa. Ukiona moshi wa sauna Jumatano, unajua pana jambo: mwanamke anajifungulia humo, au maiti inaoshwa.

"Hakuna aliyezaliwa pale, hakuna aliyekufa," Lempi akaendelea. "Sasa moshi wa nini? Nikatoka mpaka kwenye uzio. Nikamwona yule mkimbizi wenu, Miihkali, kambeba wifi mikononi. Kambeba kama bibi harusi, na wifi kamshika shingo. Wakaingia mlango wa sauna."

"Uliona vizuri?"

"Kaka, uwanja ni mmoja. Ningeona hata kuku."

Iivari alimaliza kahawa yake yote. Akashukuru. Akavaa kofia, akatoka. Lempi alibaki dirishani anajifuta macho na aproni, maana alikuwa anampenda kaka yake kweli, na alikuwa amekaa na neno lile tangu Julai likimchoma kama mwiba. Alidhani akilitoa atapata nafuu. Hakupata.

Sasa kuhusu hao wakimbizi. Majira yale ya kiangazi, vita vilipogeuka, watu wa Karelia, mkoa wa mpakani na Urusi, walihamishwa wote. Waliacha mashamba na nyumba zao, wakaja na ng'ombe na mabunda, serikali ikawagawa nyumba kwa nyumba. Kwa Iivari wakapangiwa bibi mmoja, Oudokia, na mwanawe Miihkali. Miihkali alikuwa na miaka thelathini hivi. Alirudishwa mapema kutoka vitani kwa sababu ya vidole, mkono wa kushoto vilibaki viwili. Lakini kazi alikuwa anafanya, na huku anafanya anaimba, na akimaliza kuimba anaongea. Watu wa Pohjanmaa hawakuzoea hayo. Kwao mwanamume akisema maneno kumi kwa siku, mkewe anamuuliza kama ana homa.

Na Iivari alikuwa hajamwona mkewe Saimi tangu Februari. Alipata likizo fupi, wakakaa pamoja, akarudi mstari wa mbele. Juni alikuwa aje tena, likizo zikafutwa zote. Barua zilikuwa zinakuja, lakini barua gani sasa? Nyasi zimevunwa. Ng'ombe mmoja anakohoa. Mvua ni ya kutosha. Na yeye Iivari alikuwa anajibu hivyo hivyo, mimi mzima, chakula kipo. Na wiki nyingi za Juni na Julai hakujibu kabisa.

Alipofika kwake Saimi alikuwa anatoka zizini na ndoo ya maziwa. Akasimama. Iivari naye akasimama. Kisha akamwendea akampa mkono, kama mtu anavyompa mkono karani wa benki.

"Umerudi," Saimi akasema.

"Nimerudi. Umekonda."

"Kazi nyingi."

Akamshika upindo wa koti, akashika tu, hakuvuta. Iivari akauangalia ule mkono, akasema ngoja avue buti.

Miihkali alitoka mbio uani kumpokea. Akamwambia karibu nyumbani kwako kaka, shoka lako nimekunolea, na paa la ghala nimeliziba, na yule jogoo wako ni mshenzi, kanidonoa mara mbili lakini tumesameheana. Iivari akalichukua lile shoka, akajaribu makali na kidole gumba, akaingia nalo ndani. Miihkali akabaki uani na tabasamu lake, hajui aliweke wapi.

Bibi Oudokia alikuwa ameoka. Yeye alikuwa anaoka kila wiki, mikate midogo iliyojazwa viazi, ya moto, inang'aa siagi. Watu wa pale mkate wao mweusi mgumu wanaoka mara mbili kwa mwaka, wanautoboa katikati, wanautundika kwenye mti chini ya dari, basi mwaka mzima wanautafuna. Iivari akasimama, akachomoa mkate mgumu kwenye ule mti, akakaa, akatafuna. Pale mezani ilisikika mifupa ya taya zake tu.

Siku ile na zilizofuata alilala kwenye benchi karibu na jiko. Alisema kitanda ni laini mno, mgongo umezoea mahandaki. Saimi akampa blanketi, hakuuliza.

Ikafika Jumamosi.

Katika nyumba ile, tangu siku ya pili ya ndoa, Iivari na Saimi walikuwa wanaingia sauna pamoja. Ndivyo mume na mke wanavyofanya. Wanapanda kichanja cha juu, wanamwagia maji mawe ya moto, wanachapana kwa matawi ya majani, mmoja anamsugua mwenzake mgongo. Hakuna maneno mengi. Lakini kijiji kizima kinajua, nyumba ambayo mume na mke wanaenda sauna mbalimbali, humo mambo si mazuri.

Saimi alikuwa amewasha tangu mchana. Kafagia, kaleta maji, kaandaa matawi. Kasimama mlangoni na taulo mbili.

Iivari akapita, akachukua taulo moja mkononi mwake, akasema, "Mimi natangulia. Wewe utaingia na bibi."

Akaenda peke yake.

Saimi akabaki na taulo moja. Bibi Oudokia aliyaona yote, na Miihkali aliyekuwa anachonga mpini wa uma wa nyasi alisimamisha kisu. Saimi akaikunja ile taulo vizuri, akaikunja tena, akaiweka kwenye kiti. Hapo ndipo alipojua mumewe ana kinyongo naye. Siku zote mbili alidhani ni vita, kwamba mumewe bado roho iko kule kwenye mahandaki, itarudi taratibu. Lakini vita havimfanyi mtu achukue taulo moja.

Iivari alipotoka, mwekundu, nywele zimelala, bibi Oudokia alikuwa kakaa kwenye ngazi.

"Mwanangu, mgongo umesuguliwa na nani?"

"Nimejisugua mwenyewe, bibi."

"Inaonekana," bibi akasema. "Katikati umebaki mweusi."

Jumapili Iivari alikuwa nyuma ya nyumba anapasua kuni, ingawa Jumapili kuni hazipasuliwi. Miihkali akamfuata, akasimama mbali kidogo, kwa heshima, na pia kwa sababu ya shoka.

"Kaka, una neno na mimi?"

"Wewe unalo la kuniambia?"

Miihkali, mtu aliyekuwa hajawahi kukosa la kusema tangu anyonye, akanyamaza. Akakuna kichwa kwa ule mkono wa vidole viwili.

"Ninalo," akasema. "Lakini si langu. Lina mwenyewe, na mwenyewe aliniapisha. Muulize yeye."

Afadhali angesema hana. Iivari aliinua shoka akapasua gogo, likatoka vipande viwili vikaruka huku na huku, akachukua jingine. Muulize yeye. Amuulize nini sasa? Mtu umekaa miaka kwenye udongo, umezika wenzio, kitu kimoja kinachokuamsha asubuhi ni kwamba kuna nyumba na ndani yake kuna mtu wako. Halafu uulize. Ukiuliza utajibiwa. Asipouliza, bado kuna kamlango kadogo kwamba Lempi alikosea. Iivari alikuwa ameng'ang'ania hako kamlango, na huku mwenyewe anajiandaa kukimbia.

Maana alishakata shauri. Jumatatu alikwenda dukani penye simu, akaomba aunganishwe na kambi ya magogo huko kaskazini, alikokuwa mwenzake wa kikosini, Kustaa. Simu ya kijiji ilikuwa inapita kwa Bi Toini, mwanamke mnene mwenye masikio mazuri, ndiye aliyekuwa anachomeka zile waya. Dukani nako watu watano walikuwa wamejaa kununua chumvi, na wote ghafla wakawa hawana haraka.

"Kustaa, ile nafasi bado ipo?"

"Ipo. Wakata magogo hawatoshi. Lakini wewe si una mke?"

"Ninaye."

"Sasa huku unatafuta nini? Huku kuna magogo na chawa."

"Chawa tumezoeana."

"Njoo basi. Lori linapita kwenu Alhamisi asubuhi, lile la kuendeshwa kwa moshi wa kuni. Mwambie dereva mimi nimekutuma. Utakaa mpaka lini?"

"Sijui. Labda nisirudi."

Kwenye waya mtu akavuta pumzi, na si Kustaa.

"Muda umekwisha," Bi Toini akasema. "Iivari, na huko soksi za sufu unazo?"

Iivari akakata simu. Akanunua chumvi ambayo hakuihitaji.

Sasa hesabu mwenyewe. Bi Toini ana dada anayefanya kazi kiwanda cha maziwa. Saimi anapeleka maziwa kiwandani kila siku. Jumanne, wakati Saimi anashusha makopo ya maziwa, yule dada akamuuliza kwa upole kabisa kama kweli Iivari anahamia kaskazini, na kama shamba litauzwa. Saimi akajibu kwamba makopo ni mawili, andika mawili. Akageuza farasi. Njia nzima hakumgusa kwa mjeledi, farasi akatembea anavyotaka, mara kasimama kula majani ya kando, na Saimi kakaa juu tu na hatamu mkononi.

Alipofika nyumbani akaenda chumba cha nyuma kwa bibi Oudokia. Walizungumza kidogo, wakakumbuka Lempi alivyosimama kwenye uzio ile Julai, wakajua neno limetoka wapi. Bibi alitaka yeye ndiye aende kwa Iivari akampe ukweli, na ampe na kofi juu yake. Saimi akakataa. Akasema hili ni langu, bibi, nimelichelewesha mwenyewe, nitalifikisha mwenyewe.

Jumatano Iivari alikuwa anatengeneza uzio wa malisho ya chini. Hakuwa na sababu ya kutengeneza uzio wa shamba analoliacha, ila mikono haikutaka kukaa. Akanyoosha mgongo, akaangalia nyumbani. Moshi.

Moshi mweupe, mnene, unapanda wima kutoka sauna. Mchana kweupe, Jumatano.

Mwanzo alidhani ni moto, akaacha nyundo akapanda kilima mbio. Alipokaribia akaona si moto. Ng'ambo ya uwanja Lempi alikuwa kasimama kwenye uzio wake na ndoo, hata hajifichi. Na nyumba ya tatu kule walikuwa wametoka wawili. Saimi alikuwa anatoka kisimani na maji, mikono yote miwili, anatembea bila haraka, mbele ya macho yao wote.

"Saimi, unafanya nini?"

"Nawasha sauna."

"Leo ni Jumatano."

"Najua siku." Akaweka ndoo chini. "Kesho lori linakuja. Nimeambiwa kiwandani, sikuambiwa na wewe. Nenda, sikuzuii. Lakini kwanza utaingia na mimi sauna."

"Watu wanatuangalia."

"Si ndiyo kazi yao? Jumamosi uliwaonyesha taulo moja. Leo waone mbili." Akachukua ndoo tena. "Na humo ndani hakuna kugombana. Unajua."

Alijua. Kule tangu mtoto anafundishwa, sauna unakaa kama kanisani. Hakuna kupaza sauti, hakuna matusi, hakuna kubamiza mlango. Ukiwa na hasira unaiacha nje na nguo. Wazee walikuwa wanasema hivyo na watoto wao wanasema hivyo, na Iivari hata kule vitani, kwenye sauna za mahandaki walizojenga kwa magogo, hakuwahi kusikia mtu akitukana humo. Kwa hiyo Saimi alimpeleka mahali ambapo hawezi kumfokea na hawezi kuondoka kwa kishindo. Mwanamke yule alikuwa na akili.

Wakaingia. Wakapanda juu, kila mtu upande wake. Giza kidogo, dirisha dogo, harufu ya majani. Saimi akachota maji kwa kata, akamwagia mawe. Mvuke ukapanda, ukawafunika, ukashuka. Walikaa hivyo mpaka jasho likaanza.

"Lempi aliona kweli," Saimi akasema.

Iivari hakugeuka. Alikamata ukingo wa kichanja.

"Miihkali alinibeba. Nilikuwa siwezi kutembea. Akanifikisha kwenye mlango wa kubadilishia nguo, akanipa kwa mama yake, akageuka. Akakaa nje kwenye gogo akatulinda mlango. Siku tatu alifanya hivyo."

"Ulikuwa unaumwa nini?"

Saimi akamwaga kata nyingine. Alisubiri mvuke ushuke.

"Nilikuwa na mimba, Iivari. Ya ile likizo yako ya Februari."

Yale mawe yalikuwa yanalia ssss, yakanyamaza.

"Sikumwambia mtu. Hata wifi. Nilitaka wewe ndiye ujue wa kwanza, na nikuambie nikikuangalia usoni. Juni ungekuja. Nilikuwa najifunika magauni mapana nakusubiri. Likizo zikafutwa. Julai nyasi zilikuwa tayari na mvua inakuja, nikapanda juu ya mkokoteni wa nyasi mwenyewe, kupanga. Farasi akashtuka. Nikaanguka."

Iivari alikuwa anapumua kwa mdomo.

"Kesho yake mtoto akatoka. Hakuwa na pumzi. Mkunga alikuwa kijiji cha mbali, daktari yuko vitani na ninyi. Mimi damu haikati na homa imepanda. Bibi Oudokia akasema kwao mwanamke wa hivyo anapelekwa sauna ya vuguvugu, anakandwa, siku tatu. Nikamwambia bibi, hapa ni Jumatano, watu watasema. Akaniambia wewe ukifa Jumatano watasema pia."

"Kwa nini hukuniandikia?"

"Niandike nini? Wiki zile wewe uliacha kuandika. Nilijua umekufa. Kila nikimwona mchungaji barabarani najificha zizini, maana ndiye anayeleta habari za waliokufa vitani, nisije nikaambiwa. Halafu barua yako ikaja, mimi mzima, chakula kipo. Mtu yuko kwenye mizinga, nimwandikie kwamba alikuwa na mtoto na sasa hana?"

"Na niliporudi?"

"Uliporudi ulinipa mkono." Sauti yake ikapasuka kidogo, akaituliza, kwa sababu ya mahali. "Nikasema ngoja apumzike. Na niliogopa. Ungeniuliza kwa nini nilipanda mkokoteni. Mwenyewe najiuliza kila siku."

Iivari alikaa. Jasho lilikuwa linamtiririka usoni, na mtu asingeweza kujua lipi ni jasho. Mtu aliyekuwa kajiandaa kwa neno moja, kapewa jingine, na hili jingine ni zito mara mia, lakini halina ile sumu.

"Alikuwa nani?" akauliza mwishowe. "Wa kike au wa kiume?"

"Wa kiume. Bibi alimwosha hapa. Hapo chini."

Iivari akaangalia kichanja cha chini. Akashuka. Akakaa pale, mgongo umeinama, viganja juu ya ubao, akaupapasa taratibu toka mwanzo mpaka mwisho. Saimi akashuka naye, akakaa kando.

"Mimi niliamini nilichoambiwa," Iivari akasema. "Sikukuuliza. Nilienda kuzungumza na simu, wewe nikakuacha."

"Ndiyo."

"Nilikuwa nakufikiria kila siku kule. Halafu nimefika nimeshindwa neno moja."

"Na mimi nimeshindwa. Tumekuwa wawili."

Iivari akamwekea mkewe kichwa begani. Mkubwa vile, mwanajeshi, alilia bila sauti, mabega yanatikisika tu. Saimi akachukua maji ya vuguvugu akammwagia mgongoni, akachukua brashi na sabuni, akaanza kusugua. Alisugua pale katikati palipokuwa peusi tangu Jumamosi. Alichukua muda wake.

"Yuko wapi?" Iivari akauliza, kichwa kimeinama.

"Kanisani. Mchimba makaburi alimweka na mzee Vihtori, mshona viatu. Ndiye aliyekuwa anazikwa wiki ile."

Hilo Iivari hakuhitaji kuelezwa. Mtoto asiyevuta pumzi hapewi kaburi lake. Kasanduku kake kanawekwa kimya kimya kwenye kaburi la mtu anayezikwa wiki hiyo, asilale peke yake.

"Sanduku alitengeneza Miihkali," Saimi akaongeza. "Kwa vidole vile. Akalibeba mwenyewe kwa miguu mpaka kanisani, maana mimi nilikuwa nimelala. Kwenda na kurudi hakuimba."

Walipotoka, Iivari alikuwa na taulo kiunoni na mvuke unamtoka mabegani kwenye baridi. Miihkali alikuwa uani anajifanya anatafuta kitu. Iivari akamwendea mpaka karibu. Lempi kule kwenye uzio akashika kifua, alidhani ngumi zinaanza.

"Mawe bado yana moto," Iivari akamwambia. "Vua, ingia. Nakuja kukusugua mgongo."

Miihkali akamwangalia, akamwangalia na Saimi, akaelewa kwamba limeshasemwa.

"Polepole lakini, kaka," akasema. "Ngozi ya Karelia ni laini."

"Ingia, kabla sijabadili nia."

Na wakasikika humo ndani kwa muda mrefu, Miihkali anaongea na Iivari anaitikia hmm, hmm, kama kawaida ya watu wa pande hizo mbili.

Alhamisi lori lilipita, likakohoa moshi wake mbele ya lango. Iivari akatoka kumwambia dereva kwamba haendi, na amsalimie Kustaa. Dereva akasema hata yeye alishaambiwa asisimame, Bi Toini alipiga simu jana.

Lempi alikuja mchana, bila ndoo wala kisingizio. Saimi alimkalisha akamweleza mwenyewe. Lempi hakujitetea. Alisema, "Wifi, nilipaswa kuvuka uwanja nikiwa na supu. Nikakaa na maneno." Saimi akamwambia uwanja bado upo, vuka siku yoyote. Hawakukumbatiana, si desturi yao. Lempi akachukua vyombo akaviosha vyote, hata vilivyokuwa safi.

Jumapili baada ya ibada watu walikuwa wanaagana nje ya kanisa. Theluji ya kwanza ilikuwa imeanguka usiku, nyembamba. Iivari na Saimi hawakwenda kwenye farasi. Walipinda makaburini, wakatembea mpaka kaburi la mshona viatu, wakasimama. Watu wakatazamana. Mzee Vihtori hakuwa na ndugu, na Iivari hakuwahi kupatana naye.

Iivari akavua kofia.

"Mzee huyu alinishonea buti la kushoto," akasema, "likanibana mpaka likachakaa."

"Na alikuwa hataki watoto dukani kwake," Saimi akasema. "Anawafukuza na nyundo."

"Sasa atafanyaje. Itabidi azoee."

Saimi akacheka kidogo, na kicheko kikageuka katikati kikawa kitu kingine, akajifuta pua kwa glavu. Iivari akainama, akapangusa theluji juu ya kaburi kwa mkono, sehemu ndogo tu, kama upana wa mto wa mtoto.

"Ulimpa jina?"

"Nilikuwa namwita Iivari. Tangu Machi. Kimoyomoyo tu, niliogopa utalikataa."

"Silikatai," akasema.

Akavaa kofia. Halafu akamtolea mkewe mkono, na Saimi akaushika, wakarudi njia nzima wameshikana mbele ya mchungaji, mbele ya Bi Toini na dada yake, mbele ya kijiji kizima, jambo ambalo watu wazima wa pale hawafanyi hadharani.